Linus Pauling: Mkemia aliyeuona ugonjwa ndani ya molekuli moja

Kuanzia Bundibugyo hadi Kisumu, kutoka Musoma hadi Kilifi, na ng'ambo ya mto Semuliki ndani ya Kongo, ziko familia zinazoujua ugonjwa wa selimundu kwa dalili zake kabla hazijaujua kwa jina. Mtoto ambaye hajatimiza mwaka anavimba vidole vya mikono na miguu. Macho yanageuka manjano. Analia usiku kucha kwa maumivu ya mifupa, na mchana akipelekwa zahanati hakuna kidonda cha kuonyesha. Wengi huuita sikoseli.

Aliyeonyesha ugonjwa huu unakaa wapi hasa hakuwa daktari. Alikuwa mkemia wa Marekani, Linus Pauling, mtu aliyezoea kupima umbali kati ya atomu na atomu ndani ya mawe na chumvi. Novemba 1949 yeye na wenzake watatu walichapisha katika jarida la Science makala fupi yenye hoja nzito: chanzo cha selimundu hakiko kwenye mfupa, wengu wala moyo. Kiko kwenye protini moja tu, himoglobini, ile inayozipa chembe nyekundu za damu rangi yake na kubeba oksijeni. Ilikuwa mara ya kwanza kwa ugonjwa wa binadamu kufuatiliwa mpaka kwenye molekuli yenye hitilafu, na jina walilolitumia, ugonjwa wa molekuli, limebaki katika vitabu vya tiba hadi leo.

Pauling alizaliwa Portland, jimbo la Oregon, Februari 28, 1901. Baba yake, Herman, alikuwa na duka la dawa. Mwaka 1910 alifariki ghafla kwa kidonda cha tumbo kilichotoboka, akamwacha Linus na miaka tisa pamoja na dada zake wawili wadogo. Mama yao, Belle, akaanza kupangisha vyumba ili watoto wale. Yeye mwenyewe alikuwa mgonjwa. Alikuwa na upungufu wa damu wa aina ambayo tumbo linashindwa kuusaidia mwili kufyonza vitamini B12, maradhi ambayo wakati ule hayakuwa na tiba. Kwa hiyo kijana huyu alikulia katika nyumba ambamo damu dhaifu ilikuwa jambo la kila siku.

Kemia ilimwingia kupitia rafiki wa jirani aliyemwaga asidi ya salfuriki kwenye sukari, sukari ikageuka makaa meusi mbele ya macho yao. Baada ya hapo hakutaka kitu kingine. Aliondoka sekondari bila cheti kwa sababu alikuwa hajamaliza somo la historia ya Marekani, na shule ile ilimpa cheti chake mwaka 1962, wakati tayari alikuwa na Tuzo ya Nobel nyumbani. Katika chuo cha kilimo cha Oregon, mjini Corvallis, alipasua kuni na kusafisha majiko ili alipe ada. Fedha zilipokatika, chuo kilimwajiri kufundisha somo alilokuwa amelisoma mwaka uliotangulia. Miaka michache baadaye, katika darasa jingine alilopewa kufundisha, alikutana na mwanafunzi aitwaye Ava Helen Miller. Walifunga ndoa mwaka 1923, na huyo ndiye atakayekuja kumgeuza mwelekeo wa maisha.

Alipata shahada ya udaktari wa falsafa mwaka 1925 katika Taasisi ya Teknolojia ya California, ambayo dunia inaijua kama Caltech. Mwaka uliofuata alikwenda Ulaya kujifunza fizikia mpya ya atomu iliyokuwa ikizaliwa Munich, Copenhagen na Zürich. Mama yake alifariki mwaka huohuo, mwanawe akiwa ng'ambo. Pauling alirudi California na ujuzi ambao wanakemia wachache sana wa Marekani walikuwa nao, akautumia kueleza jinsi atomu zinavyoshikana. Kitabu alichokitoa mwaka 1939 kuhusu jambo hilo kilifundishia kizazi kizima cha wanakemia. Kazi hiyo ndiyo iliyomletea Nobel ya Kemia mwaka 1954. Lakini kufikia katikati ya miaka ya 1930 alikuwa ameshahamia kwenye swali kubwa zaidi.

Uzi wa shanga unaojikunja

Swali hilo lilikuwa protini. Mtu akisikia neno hilo katika ukanda huu hufikiria maharage, samaki na mayai, na si kosa. Ila ndani ya seli, protini ni watenda kazi. Nyingine humeng'enya chakula, nyingine hubeba mizigo, nyingine hufungua na kufunga milango ya seli, nyingine hupigana na vijidudu. Kila moja ni kama uzi wa shanga, ambapo shanga ni asidi amino. Ziko aina 20 za shanga hizo. Mpangilio wake ndio unaoamua uzi utajikunja vipi, na umbo linalopatikana baada ya kujikunja ndilo linaloamua protini itafanya kazi gani.

Mwaka 1936 Pauling na mwenzake Alfred Mirsky waliandika juu ya jambo ambalo kila mpishi amelishuhudia. Ute wa yai ni maji maji na unapenyeza mwanga. Ukiuchemsha unakuwa mweupe na mgumu, na hata ukiuacha upoe haurudi ulivyokuwa. Walieleza kwamba uzi wa protini umeshikiliwa katika umbo lake na vifungo vingi vidogo na dhaifu, hasa vile vya haidrojeni. Moto unavikata vifungo hivyo, uzi unafumuka na kujisokota ovyo na nyuzi nyingine. Shanga zote bado zipo, hakuna hata moja iliyopotea. Kilichopotea ni umbo, na umbo likipotea kazi nayo inakwisha. Sidhani kama kuna njia nyepesi zaidi ya kulieleza jambo hili kuliko yai la kuchemsha, na inashangaza kwamba ilichukua muda mrefu hivyo kuliona.

Mwaka huohuo, akiwa na Charles Coryell, alichukua damu na kuipima kwa sumaku. Himoglobini isiyo na oksijeni ilivutwa na sumaku. Iliyobeba oksijeni haikuvutwa. Maana yake ni kwamba oksijeni haipandi kwenye himoglobini kama abiria anavyokaa kwenye kiti cha basi. Inaposhika, inaibadili protini yenyewe. Hilo alilikumbuka miaka tisa baadaye, kama tutakavyoona.

Katikati ya kazi hii nusura afe. Mwaka 1941 figo zake zilishindwa kazi kwa ugonjwa ambao wakati ule uliwaua wengi. Daktari Thomas Addis wa California alimwekea mpango mkali wa chakula: chumvi kidogo mno, na protini kidogo mno, ili figo zipumzike. Mtafiti mkubwa wa protini akawa mtu anayepimiwa protini kwa gramu, na mkewe ndiye aliyekuwa akipima, kila siku, kwa miaka. Alipona.

Mazungumzo ya mezani

Mwaka 1945 Pauling aliitwa kwenye kamati ya kuishauri serikali ya Marekani kuhusu utafiti wa tiba baada ya vita. Jioni moja jijini New York wajumbe walikuwa wakila. Mmoja wao, daktari William Castle wa Boston, alikuwa amejipatia jina kwa kuchunguza aina ileile ya upungufu wa damu aliyokuwa nayo mama yake Pauling. Mezani Castle alizungumzia ugonjwa mwingine wa damu, uliokuwa umeelezwa kwanza kitabibu mjini Chicago mwaka 1910 na ambao Marekani uliwapata zaidi watu wenye asili ya Afrika. Chembe nyekundu za wagonjwa hawa, alisema, hupinda kama mundu. Kisha akaongeza jambo moja: hupinda zaidi katika damu inayorudi kwenye moyo kuliko katika ile inayotoka kwenye mapafu.

Mwingine angelisikia na kuendelea kula. Pauling alijua tofauti ya damu hizo mbili ni oksijeni, na alijua kutokana na sumaku yake kwamba oksijeni huibadili himoglobini. Chembe nyekundu haina kiini, nayo imejaa himoglobini, takriban molekuli milioni 270 katika kila chembe. Basi ikiwa umbo la chembe linategemea oksijeni, kinachopinda hakiwezi kuwa chembe yenyewe. Lazima molekuli za himoglobini za wagonjwa hawa ziwe na tofauti fulani inayozifanya zishikane oksijeni inapotoka. Alimaliza chakula akiwa na dhana nzima kichwani. Kilichobaki ni kuithibitisha, na hapo ndipo jina la Harvey Itano linapoingia.

Itano alikuwa Mmarekani mwenye asili ya Japani, mzaliwa wa Sacramento. Mwaka 1942 alikuwa mwanafunzi bora wa Chuo Kikuu cha California mjini Berkeley, lakini siku ya mahafali hakuwepo, kwa sababu serikali ilikuwa imewakusanya watu wa asili yake na kuwapeleka kambini. Aliruhusiwa kutoka kambini kwenda kusomea udaktari St. Louis. Mwaka 1946 alifika Caltech na Pauling akamkabidhi swali la selimundu. Jaribio baada ya jaribio halikuonyesha tofauti yoyote. Uzito wa himoglobini za wagonjwa ulilingana na wa watu wazima wa afya. Namna ya kubeba oksijeni ililingana pia.

Hatimaye Itano na mwenzake Jonathan Singer waliziweka himoglobini hizo kwenye mtambo mrefu uliojaa kimiminika, wakapitisha umeme. Protini hubeba chaji za umeme, nazo husogea kuelekea upande mmoja au mwingine kulingana na chaji hizo. Zile mbili hazikusogea sawa. Himoglobini ya mgonjwa ilikuwa na chaji chanya zilizozidi za kawaida, kati ya mbili na nne kwa kila molekuli. Walipochukua damu ya watu wasiougua lakini wenye kinasaba kimoja cha selimundu, walikuta aina zote mbili za himoglobini zimechanganyika. Mtu huyo ana nusu kutoka kwa mzazi mmoja na nusu kutoka kwa mwingine, na mtambo uliweza kuzitenganisha kama mtu anavyochambua mchele na chuya.

Makala ya 1949 ina majina manne: Pauling, Itano, Singer na Ibert Wells. Jina la Pauling ndilo linalokumbukwa. Kwa haki, kazi ya mikono ilikuwa ya vijana wale watatu.

Mwaka uleule, katika ukanda wetu

Wakati mtambo wa Caltech unafanya kazi, watu wengine walikuwa wakipima damu huku kwetu, bila kujua kwamba majibu yao yangekutana na yale ya California. Mwaka 1949 Hermann Lehmann na Alan Raper walitangaza matokeo ya vipimo vyao Uganda. Kiwango cha watu wenye kinasaba cha selimundu kilitofautiana mno kutoka jamii moja hadi nyingine, na kwa Baamba wanaoishi mpakani mwa Uganda na Kongo kilifika takriban asilimia 45. Mwaka huohuo Anthony Allison, kijana aliyelelewa Kenya, alikusanya damu sehemu mbalimbali za nchi hiyo. Pwani na kandokando ya Ziwa Victoria alikuta watu wenye kinasaba hicho wakifika asilimia 20 na kupita. Nyanda za juu zilizo katikati, hawakufika hata asilimia moja.

Kinasaba kinachoua watoto kinawezaje kuenea kiasi hicho? Allison aliona kwamba ramani yake ilifanana na ramani ya mbu. Mwaka 1954 alitoa ushahidi kwamba mwenye kinasaba kimoja cha selimundu ana kinga fulani dhidi ya malaria. Watoto aliowapima Uganda waliokuwa na kinasaba hicho walikuwa na vimelea wachache. Aliwaambukiza malaria pia Waluo 30 waliojitolea: kati ya 15 wasio na kinasaba, 14 walishikwa, kati ya 15 wenye nacho, wawili tu. Leo hakuna kamati ya maadili ambayo ingepitisha jaribio hilo. Lakini jibu lake limesimama. Mwenye vinasaba viwili anaugua selimundu. Asiye nacho yuko wazi kwa malaria. Mwenye kimoja, pale penye mbu, ndiye mwenye nafuu.

Allison ndiye pia aliyetoa damu ya selimundu iliyotumika Cambridge, Uingereza, ambako Vernon Ingram alikata himoglobini vipande vipande na kulinganisha shanga zake. Kati ya mwaka 1956 na 1957 alionyesha tofauti ilipo. Himoglobini ina nyuzi nne zenye jumla ya asidi amino 574. Katika mbili kati ya nyuzi hizo, shanga ya sita ilipaswa kuwa asidi glutamiki, yenye chaji hasi na inayopenda maji. Kwa mgonjwa imewekwa valini, isiyo na chaji na inayoyakwepa maji. Hiyo ndiyo tofauti yote. Oksijeni inapotoka, ile valini inajificha kwenye kishimo kilicho katika molekuli ya jirani, jirani naye anamshika wa pili yake, na kamba ndefu zinaundwa ndani ya chembe mpaka inapinda. Chembe iliyopinda inaziba mishipa midogo, na hapo ndipo maumivu yanapoanzia. Chembe ya kawaida huishi siku 120. Ya selimundu huishi kati ya 10 na 20, ndiyo sababu damu haiishi kupungua na macho yanakuwa manjano.

Pauling alikuwa sahihi kuanzia mezani.

Msokoto, pasipoti na mabomu

Mwaka 1948, akiwa Oxford kama mwalimu mgeni, aliugua mafua na kulazimika kukaa kitandani. Alichoka kusoma riwaya za upelelezi, akachukua karatasi, akachora uzi wa protini na kuanza kuukunja kwa vidole. Akapata msokoto unaozunguka kama springi, wenye shanga 3.6 hivi kwa kila mzunguko. Mwaka 1951 aliutangaza pamoja na Robert Corey na Herman Branson, mwanafizikia Mmarekani Mweusi. Leo tunajua msokoto huo umo katika protini zisizo na idadi, na himoglobini yenyewe imejengwa nao kwa sehemu kubwa.

Wakati huo Ava Helen alikuwa ameshamvuta kwenye siasa. Alikuwa amemwambia kwamba hotuba zake kuhusu amani zilisikika kama za mtu asiye na uhakika, basi akasoma sheria na siasa za dunia mpaka akapata uhakika. Serikali yake haikupendezwa. Mwaka 1952 alinyimwa pasipoti ya kwenda London kwenye mkutano uliohusu protini zake mwenyewe. Sisi tunaozoea kulalamikia foleni za Malaba na Rusumo tuzingatie hilo: mwanasayansi mkubwa wa nchi tajiri alizuiwa kuvuka mpaka kwa sababu ya mawazo. Wapo wanaosema pasipoti hiyo ndiyo iliyomkosesha ugunduzi wa umbo la DNA, ambalo Watson na Crick walilipata mwaka 1953. Sikubaliani nao. Alifika Uingereza miezi michache baadaye na hakwenda kuziona picha zilizokuwa muhimu. Kisha akatangaza umbo la nyuzi tatu lililokuwa na kosa ambalo mwanafunzi wa kemia angeliona. Alikuwa na haraka.

Kilichomtia hofu zaidi kilitokana na kazi yake ileile. Aliyejua kwamba shanga moja kati ya mamia inatosha kumtesa mtoto maisha yake yote hakuweza kuyatazama majaribio ya mabomu ya nyuklia kwa utulivu. Vumbi la mionzi lililosambaa angani lilikuwa na uwezo wa kuharibu vinasaba, na kinasaba kikiharibika protini inatoka na hitilafu. Mwaka 1957 alianza kukusanya saini za wanasayansi kupinga majaribio hayo. Januari 1958 yeye na mkewe walizikabidhi Umoja wa Mataifa, zaidi ya 11,000, kutoka mataifa 49. Mwaka 1960 kamati ya Seneti ilimtaka ataje waliomsaidia kuzikusanya, akakataa, ingawa angeweza kufungwa jela. Mkataba wa kuzuia majaribio ya angani ulianza kutumika Oktoba 10, 1963. Siku hiyohiyo ilitangazwa kwamba amepewa Nobel ya Amani ya mwaka 1962. Hakuna mtu mwingine aliyepata Nobel mbili bila kugawana hata moja.

Alama kwenye paji la uso

Hapa ndipo wasifu wa mtu huyu unapokuwa mgumu kwa msomaji wa ukanda huu. Mwaka 1968, katika jarida la sheria la chuo kikuu kimoja cha California, Pauling alipendekeza kwamba vijana wenye kinasaba kimoja cha selimundu wachanjwe alama kwenye paji la uso. Lengo, kwa maelezo yake, lilikuwa kwamba wawili wenye alama wakikutana wajue mapema na wasipendane. Alipendekeza hivyo pia kwa magonjwa mengine ya kurithi, na alitaka upimaji uwe wa lazima kwa sheria.

Hesabu yake haikuwa na kosa. Wazazi wote wawili wakiwa na kinasaba kimoja kimoja, kila mimba ina uwezekano wa moja kwa nne wa kuzaa mtoto mgonjwa. Alikuwa ameona maumivu ya watoto hao na alitaka yaishe. Lakini tuipeleke alama hiyo Bundibugyo ya mwaka 1949. Karibu nusu ya watu wangekuwa nayo usoni, watu wazima wenye afya, wanaolima na kulea, tena waliolindwa na kinasaba hichohicho wasife kwa malaria walipokuwa watoto. Matokeo ya Allison yalikuwa na miaka 14 tayari. Pauling aliyaona mabadiliko ya shanga moja kuliko mtu yeyote wa zama zake, ila alipofika kwa mtu mzima aliyeibeba shanga hiyo, aliona kasoro peke yake. Na alikuwa raia wa nchi ambayo wenye kinasaba hicho walikuwa zaidi watu Weusi, katika mwaka ambao Martin Luther King aliuawa. Ni vigumu kuamini kwamba hakufikiria alama hiyo ingesomwaje barabarani.

Hakuna aliyechanjwa. Hata hivyo mwanzoni mwa miaka ya 1970 majimbo kadhaa ya Marekani yalipitisha sheria za kuwalazimisha watu kupimwa, na wapo waliokosa kazi na bima kwa kuwa na kinasaba kimoja tu, ingawa hawakuwa wagonjwa. Sheria ya shirikisho ya mwaka 1972 ndiyo iliyoelekeza kwamba upimaji uwe wa hiari. Mjadala huo haujatuacha. Uganda ilipopima damu za watoto wachanga nchi nzima katikati ya muongo uliopita, takriban asilimia 13 walikuwa na kinasaba hicho. Wachumba wanaombwa kupima kabla ya ndoa, na kila anayeomba hana budi kuamua majibu yatakaa kwa nani.

Miaka ya mwisho ya Pauling ilitawaliwa na vitamini C. Aliamini kwamba dozi kubwa huzuia mafua na kurefusha maisha ya wenye saratani, na kitabu chake cha mwaka 1970 kiliuzwa sana. Majaribio ya kliniki ya Mayo hayakupata faida hiyo kwa wenye saratani. Hakukubali. Ava Helen alifariki kwa saratani ya tumbo mwaka 1981. Yeye alifariki nyumbani kwake Big Sur, California, Agosti 19, 1994, akiwa na miaka 93.

Miezi mitano baadaye, Januari 1995, watafiti wa Marekani walisimamisha mapema jaribio la dawa ya haidroksiyurea kwa wagonjwa wa selimundu, kwa sababu ilikuwa imeonekana wazi kwamba inapunguza vipindi vya maumivu. Dawa hiyo huamsha himoglobini ya kichanga, ile ambayo kila mtoto huwa nayo tumboni na ambayo huzimika polepole baada ya kuzaliwa. Ndiyo sababu ugonjwa hauonekani katika wiki za mwanzo. Himoglobini hiyo haiingii kwenye zile kamba, na ikichanganyika na ya selimundu inazikatiza.

Kwa muda mrefu ilihofiwa kwamba katika nchi zenye malaria dawa hii ingeleta madhara. Jaribio lililofanyika Mbale, Kilifi, Kinshasa na Luanda kwa watoto zaidi ya 600 lilitoa majibu yake mwaka 2019. Watoto waliokunywa dawa kila siku walipata maumivu machache kuliko kabla ya kuianza, waliongezewa damu mara chache, walipungukiwa na vifo, na malaria nayo ilipungua. Tiba ya kurekebisha vinasaba iliyoidhinishwa Marekani Desemba 2023 inauzwa huko dola milioni 2.2 kwa mgonjwa mmoja. Haidroksiyurea ni kidonge cha kumeza.